Kukusanywa kwa Bei Nafuu

Woolwich, London
14 Januari 2024

Kaka yangu mpendwa Gilead,

Shikamoo kaka. Wifi Yunisi naye namwamkia, na mguu wake nauamkia vilevile, maana kwa ninavyosikia huo mguu ndio mkubwa wa nyumba sasa, ndio unaoamua nani aende kanisani na nani abaki. Mwambie asipake kila dawa anayoletewa na majirani. Huku sisi wazima. Baridi inauma mpaka kwenye meno, lakini nina koti jipya, la sufu hasa. Nikipita nalo sokoni hapa Woolwich hata Wanigeria wananiuliza nimelitoa wapi, na unajua Mnigeria hamuulizi mtu habari za nguo.

Najua utasema, Esteria ameanza. Kaka, mtu aliyeishia darasa la saba pale kwetu Magila, leo anasoma gazeti la Kiingereza ndani ya treni bila kusogeza midomo, huyo asijisifu kwa nini? Masikio yako yangekuwa mazima ningekupigia simu nikusomee. Basi tu, zile mashine za kusaga mkonge, korona, zimeyala masikio yako miaka thelathini, zimetuachia barua. Sina kinyongo. Barua haikatiki katikati.

Sasa sikiliza jambo lenyewe. Mpwa wako Namsifu, unajua alisomea sheria, unajua alifaulu, nimeshakuandikia mara tano. Sasa ameajiriwa na chama cha wafanyakazi, kitengo cha sheria, ana meza yake na kadi yenye jina lake. Na kazi yake ya kwanza kubwa, Mungu ana mambo, ni kiwanda chetu sisi! Hiki hiki cha dobi, Hounslow, karibu na uwanja wa ndege, ninapokunja mashuka ya mahoteli na mablanketi ya kwenye ndege mwaka wa kumi na moja huu.

Hapa chama hakitambuliwi na mwajiri kwa maneno matupu. Mwajiri akikataa, inapigwa kura. Wafanyakazi wote tunaulizwa, ndiyo au hapana. Na sheria inasema wakati wa kura chama kina haki ya kuingia ndani ya kiwanda kuongea na watu, mwenye mali apende asipende. Lango linafunguliwa! Na atakayepita langoni ni nani? Ni binti niliyemzaa mimi. Kaka, nilipoambiwa niliketi chini.

Sitanii lakini, tunakihitaji. Yuko mwenzangu mmoja, Anne-Marie, Mkongo wa Uvira, mama mpole, tunasimama mashine moja. Huyu na wenzake wengi walianzia kwa wakala wa vibarua. Gari la wakala lilikuwa linawaokota barabarani asubuhi kama kuni, linawapeleka popote, kwa nusu ya malipo ya wengine. Hata leo wakisimulia wanasema "zamani tulipokuwa tukikusanywa". Sasa wameajiriwa na kiwanda chenyewe, afadhali. Lakini mwezi wa kumi na moja ile mashine ya kupigia pasi mashuka, yenye yale mapipa ya moto, ilimla Anne-Marie mkono. Alikaa nyumbani siku tatu bila senti, siku ya nne akarudi na bandeji, anakunja kwa mkono mmoja na kidevu. Chama kikishinda, mkono kama ule utalindwa. Kikishindwa, sijui. Ameniambia, "Mama Namsifu, miye nangojea hii kura sawa vile mtu anangojea matokeo ya hospitali."

Usiwaambie watu wa Magila kuhusu Namsifu mpaka tushinde. Au waambie tu.

Mdogo wako,
Esteria


Muheza
8 Februari 2024

Mdogo wangu Esteria,

Marahaba. Barua yako imefika juzi, bahasha imefunguka upande mmoja lakini maneno yako yote yalikuwemo, hata ya koti.

Sisi hatujambo. Mguu wa wifi yako umepokea salamu. Machungwa mwaka huu yamebeba, bei ndiyo haikubeba. Mchungaji aliyekuja mpya anahubiri kwa kipaza sauti, kwa hiyo hata mimi nasikia, na nimegundua sikuwa nimekosa mengi.

Nimefurahi kwa mpwa wangu. Mpe mkono wangu. Sikuwaambia watu, wifi yako amewaambia.

Sasa nizungumze kama katibu wa zamani wa tawi la chama pale shambani. Haki ya kuingia langoni ni jambo moja, kusikika ukiwa ndani ni jingine. Sisi tulikuwa na haki ya kuongea na wakata mkonge. Meneja alitupa nafasi kando ya korona, korona ikiwa inasaga. Tukapiga kelele kwa mujibu wa sheria.

Unaniambia mtaulizwa ndiyo au hapana. Ndiyo kwa swali gani? Mnadai mkataba wa hali bora, au mnadai nini? Na tangazo la kura analiandika nani? Kwa lugha zipi? Ukiliona, lisome kwa sauti mbele ya mtu mwingine kabla hujalikubali. Watu hawapigi kura ya kilichomo kwenye sheria, wanapiga ya kilichomo kwenye karatasi.

Niandikie hayo. Ya koti nimeshaelewa.

Kaka yako,
Gilead


Woolwich, London
3 Machi 2024

Kaka Gilead,

Shikamoo. Tumepokea barua yako juzi, nimecheka habari za mchungaji mpaka jirani wa chini akagonga dari. Namsifu naye nimemsomea. Ananisikiliza kwa Kiswahili, ananijibu kwa Kiingereza, ndivyo tunavyoishi mimi naye, yeye anapita barabara yake na mimi yangu, tunafika pamoja. Amesema mjomba wake ana akili. Nikamwambia ni ya ukoo.

Kaka, kaa vizuri kwenye kiti. Umeuliza tangazo anaandika nani. Nimeliandika mimi!

Ilikuwa hivi. Meneja wetu, Dhiren, Mhindi wa Stanmore, hapa hapa London, lakini wazazi wake walikuwa na duka Kisumu, hupenda kunitania, "Jambo mama, chai iko?" Basi Jumatatu ile akaniita ofisini. Ofisini kwenyewe, kwenye zulia. Akasema tangazo la kura lazima liwekwe kwa lugha za watu, Kipolandi kimepata mtu, Kipunjabi kimepata mtu, "na Kiswahili, mama, mwalimu ni wewe." Watu thelathini na kitu wanaosema Kiswahili kiwandani, na mimi ndiye niliyeitwa. Nikakaa na kalamu dakika ishirini tu. Alitaka kunipa kamusi nikakataa.

Swali lenyewe kwa Kiingereza lina maneno magumu, collective bargaining. Mwingine angekwama. Mimi nikatulia. Collect ni kukusanya, hilo hata mtoto wa chekechea analijua. Bargain ni bei nafuu, mabango yamejaa sokoni hapa Woolwich, kila duka la viatu. Nikaunganisha. Nakuwekea nakala ndani ya bahasha hii uwaonyeshe watu, lakini nakuandikia na hapa kama itapotea:

TANGAZO KWA WAFANYAKAZI WA KISWAHILI. Tarehe 27 na 28 Machi kutakuwa na kura. Swali ni: JE, UNATAKA CHAMA KIKUKUSANYE PAMOJA NA WENZAKO KWA BEI NAFUU? Weka alama NDIYO au HAPANA. Kura ni siri.

Imetulia, sivyo? Dhiren aliisoma karatasi polepole kwa kidole, akacheka kidogo, akasema, "Safi sana mama, usibadilishe hata herufi." Ikabandikwa kantini, na kwenye mlango wa choo cha wanawake, na chini nimeandika jina langu.

Wewe unaniuliza mkataba wa hali bora. Kaka, hayo ya mkonge yalikuwa ya zama zenu. Hapa ni Ulaya, kuna maneno yake.

Na Namsifu amekwishaingia! Jumanne iliyopita. Suti ya bluu, viatu vya kisigino kifupi, kadi shingoni. Mlinzi aliyekuwa akinipekua mkoba miaka kumi na moja alimfungulia mlango mwanangu na kumwita madam. Ni kweli uliyosema lakini, walimpa chumba kando ya mashine za kukaushia. Zinaunguruma hizo, hata ukipiga mbinja husikii. Watu waliingia kumi kumi, kwa dakika za chai yao wenyewe. Zamu ya Wakongo ilipofika Anne-Marie akasema, "Binti, sema nasi Kiswahili, Kiingereza yako inapita juu ya kichwa." Mwanangu akasema, "Hamjambo!" vizuri kabisa, kisha akakwama hapo kama gari topeni. Wakacheka, kicheko cha upendo. Mimi nikadakia, "Msijali, karatasi yangu iko ukutani, imeeleza yote."

Akaja kuitazama. Akaniuliza kwa Kiingereza, Mama, iko sawa? Nikamwambia kuliko ya Kiingereza. Akaipiga picha, na siku ya pili akaichapisha na kuiweka kwenye ubao wa chama pia. Kwa hiyo kaka, mwajiri ametundika kazi yangu na chama kimetundika kazi yangu. Nani mwingine hapa London anaweza kusema hivyo?

Wawili watatu walikuja kuniuliza, mama, hii bei ni ya nini? Nikawajibu, ndivyo sheria ilivyoandikwa.

Tuombeeni tarehe 27. Anne-Marie kidonda kimefunga lakini vidole viwili havikunji.

Mdogo wako mwenye furaha,
Esteria


Muheza
22 Machi 2024

Esteria,

Barua imefika leo saa nne. Salamu utazipata siku nyingine.

Ondoa ile karatasi ukutani. Ukisoma hapa, simama uende ukaiondoe.

Neno hilo la Kiingereza halina kukusanya wala halina bei. Ni wafanyakazi kuketi kwa pamoja na mwajiri, chama kikiwasemea, wakajadiliana mshahara na masharti ya kazi. Linalotoka hapo ndilo sisi tuliloliita mkataba wa hali bora. Nilikutajia, ukaniambia huko ni Ulaya.

Umenieleza mwenyewe kuhusu gari la wakala. Fikiri sasa kwa macho ya Anne-Marie. Mtu aliyewahi kuokotwa barabarani kwa nusu ya malipo, umemuuliza kama anataka chama kimkusanye kwa bei nafuu. Wewe ungejibu nini?

Andika hivi: JE, UNATAKA CHAMA KIJADILIANE NA MWAJIRI KWA NIABA YAKO KUHUSU MSHAHARA NA HALI BORA ZA KAZI? Mpelekee Namsifu leo. Aende kwa wasimamizi wa kura kabla kura haijapigwa, si baada.

Na huyo meneja wako. Mtoto wa duka la Kisumu asijue neno bei?

Najua hesabu ya siku kama wewe. Barua hii haitawahi. Nimekwenda kwa Ibtisam anayeuza vocha pale stendi, nimemwomba akutumie ujumbe kwa simu yake. Amepiga pia, anasema inaita tu. Nimesimama pale kibandani mpaka alipofunga.

Gilead


Woolwich, London
7 Aprili 2024

Kaka Gilead,

Shikamoo. Pasaka yenu ilikuwaje? Wifi alifika kanisani? Yetu ilipita. Nilipika pilau, ikarudi jikoni kama ilivyokwenda.

Tumeshindwa, kaka.

Walihesabu Alhamisi Kuu jioni, mbele ya pande zote. Ndiyo themanini na saba. Hapana tisini na tano. Wangegeuka watano tu! Namsifu alisimama na kadi yake shingoni, akampa mkono Dhiren, akatoka. Ndani ya treni hakusema kitu toka tulipopandia, stesheni ya Hayes, mpaka Woolwich. Kumbe nilimzoea akiongea Kiingereza. Ukimya wake ndio sikuujua.

Na sheria inasema chama kikishindwa hakiruhusiwi kuomba tena mpaka ipite miaka mitatu. Malalamiko juu ya kura yana siku zake chache, na Namsifu alikesha akitafuta kosa la mwajiri asilione. Chumba cha kelele? Wamesema chumba kilitolewa. Dakika za chai? Zilitolewa. Kila kitu kilitolewa, kaka. Haki yote ilitimizwa. Siku zimekwisha juzi.

Nikuambie kinachoniuma. Ni wenzetu wa Kiswahili. Wapolandi walikuwa ndiyo, Wapunjabi wengi ndiyo, inajulikana, watu huongea. Hawa Wakongo wetu, nilivyowatafsiria vizuri vile, na jina langu nikaweka! Watu hawana shukrani. Nawapita kantini siwaamkii. Hata Anne-Marie nilimnunia siku mbili, mpaka alipoitwa ofisini. Wamemwambia mkono usiokunja shuka hauna kazi pale, mwisho wake ni Ijumaa ijayo. Hakulia. Alivua glavu, akaikunja, akaiweka mfukoni kama ni yake.

Halafu matapeli nao hawachoki. Wiki ile ya kabla ya kura namba ngeni ya Tanzania ilinipigia mara nne nisipokee, kisha ikatuma: NENO SI BEI TOA KARATASI GILEAD. Siku hizi wanajua hadi majina ya ndugu zetu! Toa karatasi, yaani nitoe noti, inayofuata si ndiyo ile ya "tuma kwenye namba hii"? Nikafuta. Mwambie wifi naye awe macho.

Mdogo wako,
Esteria


Muheza
2 Mei 2024

Mdogo wangu Esteria,

Hatujambo. Mvua zimekata barabara ya chini. Mguu wa wifi yako umetulia.

Yangu ya tarehe 22 Machi bila shaka umeshaipata. Umenyamaza. Sikuandikii kukugombeza. Namba ile ilikuwa ya Ibtisam, na maneno yalikuwa yangu. Nilitaka yawe machache kwa sababu kuna watu walikuwa nyuma yangu kwenye foleni. Ningekubali foleni ikasirike.

Usijione wa kwanza. Mwaka 1987 mimi, katibu wa tawi, nilitia sahihi karatasi ya Kiingereza mbele ya watu mia nne, kwa sababu sikutaka kuomba nisomewe. Sitaandika kilichofuata. Baadhi yao bado tunakutana sokoni, tunaamkiana.

Niandikie hata mistari miwili.

Kaka yako,
Gilead


Woolwich, London
26 Mei 2024

Kaka Gilead,

Shikamoo kaka. Wifi shikamoo.

Barua zako zote mbili ninazo. Ile ya Machi ilifika tarehe 16 Aprili. Niliisoma nikiwa nimesimama pale mlangoni kwenye baridi, na koti sijavua. Nikaisoma tena kwa sauti kama ulivyonifundisha, kwa sauti ndiyo nikasikia. Niliwahi kiwandani asubuhi yake kuibandua ile karatasi. Ilikuwa imeshabanduliwa siku nyingi, gundi tu imebaki. Nilikwaruza gundi kwa kucha.

Mwezi mzima sikumwambia mtu. Dhiren bado ananiita mwalimu. Juzi amenitania tena, "Mama, bei gani leo?" Sijui kama anajua. Nimemtazama machoni nikatafuta, sikuona kitu, ni macho tu ya mtu anayetaka chai. Na kama alijua, nitakwenda kumwambia nani? Kalamu ilikuwa mkononi mwangu. Kamusi niliikataa mimi.

Jumapili ya tarehe kumi na mbili nilikwenda kwa Anne-Marie. Nilimbebea wali na maharage. Hajapata kazi bado, mkono anauweka mapajani kama mtoto wa jirani aliyeachiwa amshike. Nikamweleza yote, neno kwa neno, nikamwambia maana ya kweli ilikuwa ipi. Nilidhani atashangaa.

Akasema, "Dada, miye nilitia hapana."

Nikamuuliza, wewe? Wewe uliyekuwa ukiingojea?

"Niliingojea, ndiyo. Nilisoma ile karatasi mara mingi. Nikasema, aa-aa, batu ba chama banataka kuturudisha kwa gari ya wakala. Wengine walisema pengine iko kosa ya maandishi. Ni miye niliwakataza. Nikawaambia, ule mama anasoma gazeti ya Kizungu kwa treni. Binti yake iko mtu wa sheria. Kama Mama Namsifu ndiye aliandika, haiwezi kuwa na kosa. Na jina lake ameweka. Anatuonya kwa siri."

Anatuonya kwa siri, kaka. Walidhani nimewaonya. Kabla sijaondoka aliniombea, akanishukuru kwa wali.

Ningeweza kukaa kimya hapo, na nilitaka. Lakini Ijumaa Namsifu alirudi na karatasi mkobani, akazitandaza mezani. Kuna dobi nyingine, upande wa Croydon, kura iko Julai, Wakongo hamsini. Chama kimependa tangazo langu. Wamelichapisha nakala mia mbili, wamebadilisha tarehe tu, na jina langu wameliacha chini kwa heshima. Alikuwa akitabasamu kwa mara ya kwanza toka Pasaka. Aliniambia nimepata kazi ya pili, Mama, mtafsiri wa chama.

Nikamwambia kwa Kiswahili, polepole, maana Kiingereza kilinikimbia. Nikamsomea nilichoandika. Aliposikia kukusanywa kwa bei nafuu alicheka, akafikiri nafanya mzaha. Kisha akachukua ile karatasi akaitazama, anaona herufi, haoni kitu.

Halafu akaniambia, na alisema kwa Kiswahili, kaka, sijasikia Kiswahili kirefu hivyo kinywani mwake toka yuko shule ya msingi:

"Mama, kwa nini hukuniuliza?"

Nami, ulimi wangu huu, badala ya kuomba radhi nikasema, "Na wewe kwa nini hukusoma?"

Akasema, "Hukunifundisha."

Hakusema kwa hasira. Alisema kama mtu anayekutajia saa.

Zile nakala mia mbili alizichana mwenyewe, moja moja. Nilitaka kumsaidia akasema ziache. Nikamletea barua yako ya Machi, nikamwonyesha mstari ulioandika wewe, wa hali bora za kazi. Nikamwambia haya ndiyo maneno, mjomba wako ameyaandika, hayana kosa. Akaukodolea macho mwandiko wako. Nikanyoosha mkono, nikamwambia, lete nikusomee.

Akaikunja akaiweka mkobani. Akasema kwa Kiingereza, kwa adabu zote, usijali, Mama, nitatafuta mtu.

Mdogo wako,
Esteria